Mteremko wa Shangazi Saimi

Saimi Korpijaakko alikuwa mpishi wa shule ya Santaniemi tangu akiwa msichana mpaka alipostaafu, na ndiyo maana hata wanaume wenye mvi kijijini kwetu bado wanamwita Shangazi. Ametulisha sote. Alhamisi ilikuwa supu ya njegere na chapati ya maziwa iliyookwa kwenye tanuri, na ukikataa supu hupati chapati, hata ulie vipi. Hakuwa mtu wa maneno mengi. Mumewe Urho, fundi wa kiwanda cha mbao, ndiye aliyekuwa msemaji wa nyumba. Alipenda kutuambia kwamba ameoa mwanamke anayezungumza na sufuria tu, na sufuria zenyewe zinamwogopa.

Hawakujaliwa mtoto. Walijenga nyumba yao ndogo juu ya kilima cha mchanga karibu na bahari, kiwanja ambacho hakuna mwingine aliyekitaka, kwa sababu mchanga ule hautulii. Kila mwaka theluji ilipoyeyuka, mteremko wa mbele ya nyumba uliporomoka mpaka barabarani, na mawe ya msingi yakabaki wazi. Urho alileta udongo mweusi akapanda ukoka. Kufikia mwezi wa saba ukoka ulikuwa umekauka na udongo umelala mtaroni. Mwaka uliofuata akafanya vilevile, na uliofuata pia, kwa ukaidi wa wanaume wa kwetu, ambao hawaamini kwamba ua ni ua mpaka uwe na kitu cha kufyeka kila Jumamosi.

Saimi alianza la kwake bila kumwambia mtu. Barabara kuu ilipopanuliwa na mashine zikawa zinakuja kulima ukingo wa msitu, aliomba ruhusa kwa mwenye msitu, akatangulia na toroli, akachukua vipande vya beri ya nguruwe pamoja na mchanga wake. Ni mmea wa kwetu, unatambaa chini ya misonobari mahali penye jua na ardhi maskini. Majani yake ni madogo na mazito, yanang'aa kama yamepakwa mafuta, na hubaki kijani hata chini ya theluji. Tunda lake ni jekundu, zuri kwa macho, lakini mdomoni ni kama unga mkavu, ndiyo maana wazee waliwaachia nguruwe hata jina.

"Saimi," Urho alimwuliza siku alipoviona vile vipande, "kwani sasa tunafuga nguruwe?"

"Mmoja," alijibu Saimi. "Ana ndevu."

Hadithi hiyo Urho mwenyewe ndiye aliyenisimulia, akicheka.

Mmea huo hauna haraka. Mwaka wa kwanza ulikaa kama umesusa. Mwaka wa pili ulitoa shina refu moja moja, na Saimi akayalaza mashina hayo juu ya mchanga, akayawekea mawe ya ukubwa wa ngumi ili yasipeperuke, mpaka yatoe mizizi hapo yalipolala. Mwaka uliofuata mawe yakahamia kwenye mashina mapya. Aliendelea hivyo kwa zaidi ya miaka thelathini, kila masika, akipiga magoti na mfuko wa plastiki chini yake. Hakutia mbolea, kwa sababu mbolea huuharibu. Hakuumwagilia maji ukishashika. Urho alipofariki, mteremko wote kutoka kizingitini mpaka barabarani ulikuwa zulia moja zito. Msingi wa nyumba haukuwa umeonekana tena miaka mingi.

Najua haya kwa sababu nilipokuwa chuoni nilikaa kwake kila likizo, mama yangu alipokuwa amehama. Nilisogeza mawe pamoja naye. Watu wengine hawakujua. Hapa kwetu mtu hasimami barabarani kueleza alichokifanya uani kwake, na beri ya nguruwe inaota kila mahali kijijini bila kupandwa. Aliyepita na baiskeli aliona nyumba ya mjane mzee, kichaka kimepanda mpaka mlangoni, na mawe yametapakaa. Alifikiri msitu umemshinda. Akamhurumia, akapita.

Februari moja Saimi aliteleza kwenye barafu alipokuwa anakwenda kuchukua kuni, akavunjika nyonga. Alikuwa na miaka sabini na kitu. Walimfanyia upasuaji, kisha wakamhamishia wodi ya mazoezi katika mji ninakofundisha, nami nikawa namtembelea kila jioni nikitoka shule. Muuguzi alikuwa amemweleza wazi: asipoweza kupanda ngazi kwa miguu yake, hatarudi nyumbani, atatafutiwa chumba katika nyumba ya wazee. Sijapata kuona mtu akipanda ngazi kwa hasira kama ile.

"Mbona unajitesa hivyo?" nilimwuliza jioni moja, alipokuwa ameketi kwenye ngazi ya tatu akihema.

"Beri itachanua mwisho wa mwezi wa tano," alisema. "Siwezi kuikosa."

Maua yake ni vikengele vidogo vya waridi hafifu. Lazima uiname sana kuviona. Nilimwambia, kwa mzaha, kwamba kwa nyonga ile hatainama mwaka huu.

"Nitalala chini basi," alisema. "Utaniinua wewe, kwani kazi yako nini."

Maua yalipita akiwa bado wodini. Siku chache kabla hajaruhusiwa, Raimo Isokoski alimpigia simu. Raimo ana trekta na malori mawili, na ni mwenyekiti wa chama cha kijiji. Utotoni alikuwa mtoto wa kupewa supu mara mbili kwa sababu nyumbani kwao hapakuwa na kitu. Saimi alirudisha simu mezani akanitazama kwa mashaka.

"Anachekacheka," alisema. "Raimo hacheki ovyo. Kuna kitu wananificha."

Niliwaza labda wamemwokea keki.

Tulifika Jumanne ya juma la kwanza la Juni, jua kali, anga safi. Nilipokata kona niliona bendera imepandishwa kwenye mlingoti wake, kama siku ya sikukuu, na watu wamesimama kando ya njia na nguo za kanisani. Kisha nikaona kijani. Nilipunguza mwendo bila kukusudia. Mteremko wote ulikuwa mweusi na laini, umesawazishwa kwa reki, na juu yake ukoka mpya umechomoza, kijani cha limau, kila jani peke yake. Hapakuwa na jiwe hata moja. Hapakuwa na kitu kingine chochote.

Nilizima gari. Saimi alikuwa ametazama mbele. Mikono yake ilikuwa imelala mapajani viganja juu, kama mtu anayesubiri kupokea kitu.

"Tumekosea nyumba," alisema taratibu.

Raimo alishafungua mlango.

"Karibu nyumbani, Shangazi. Shuka uone. Msaragambo wa kijiji kizima, wikendi nzima, mwezi uliopita. Hata wale wa ng'ambo ya daraja walikuja, na unajua wale hawaji bila kuitwa mara tatu."

Nilimtolea kigari chake cha kutembelea. Alisimama, akakishika, akabaki hapo. Watu walipiga makofi. Nadhani hawakuona kitu usoni mwake, kwa sababu uso wa Saimi siku zote ulikuwa wa kusomwa kwa shida. Mimi niliona midomo yake imekuwa myeupe.

"Asanteni," alisema. Kwetu msaragambo, kazi ya kusaidiana, haulipwi wala haukataliwi. Unashukuru, unawanywesha kahawa. Lakini hata kahawa walikuwa wameshaipika, meza imetandikwa uani, na mikate mitamu ya iliki imepangwa na Anneli, mke wa Raimo, ambaye macho yake yalikuwa yanalengalenga kwa furaha.

Wakamketisha kwenye kiti bora. Raimo akaanza kusimulia, kikombe mkononi.

"Nikuambie ukweli, Shangazi, kichaka kile kilitutoa jasho. Kwanza mawe. Sijui mawe yote yale yalitoka wapi, mtu angedhani umelogwa. Tukayazoa. Halafu lile lichaka lenyewe, lilikuwa limeshikana kama ngozi. Koleo haliingii. Ikabidi nifunge mnyororo kwenye trekta, nivute."

"Lilikuwa linachanika kwa sauti," Anneli alidakia, "kama shuka kuukuu. Nikamwambia Raimo, ona, linatoka zimazima."

"Linatoka na mchanga wake chini, mizizi kama nywele. Kumbe lilikuwa limejaa vimaua, sijawahi kuviona. Nyuki walinifuata mpaka barabarani, mmoja kaniuma hapa." Raimo akaonyesha shingo, watu wakacheka. "Lakini sasa ona. Huna haja ya kuinama tena maishani. Jumamosi nitakuja kufyeka mwenyewe."

Saimi aliinua kikombe. Kiligonga meno yake, nilikisikia. Akanywa mpaka mwisho, akala kipande cha mkate mtamu, akamwambia Anneli kwamba iliki imekolea vizuri. Nilifungua mdomo kusema, naye, bila kunitazama, akaweka mkono juu ya goti langu na kulibonyeza kwa nguvu iliyoniacha na alama.

Walipoondoka nilimgeukia kwa ghadhabu.

"Kwa nini usiwaambie?"

"Wamefanya kazi siku mbili."

"Wamekuharibia miaka thelathini."

"Nimesikia," alisema. "Nilikuwepo alipokuwa anasimulia." Kisha akaingia ndani akalala na viatu.

Niliomba ruhusa kazini nikabaki naye. Hakulia. Nilitamani alie. Alikaa mezani mgongo kwa dirisha, na nilipomwekea chakula alikitazama kana kwamba ni kazi ya mtu mwingine. Mara moja tu, nikiosha vyombo, alisema nyuma yangu, kwa sauti ya kawaida kabisa, "Kwa mnyororo."

Juma lililofuata mvua ilianza, ikanyesha siku nyingi mfululizo, mvua baridi ya upande. Udongo mweusi wa Raimo ulianza kushuka. Asubuhi ya kwanza ilikuwa mifereji midogo kwenye ukoka. Baadaye mifereji ikawa mipana, ukoka ukateleza vipande vipande mpaka barabarani, na chini yake mchanga mtupu ukaanza kukimbia kama zamani, kama vile haukuwahi kushikwa na kitu. Siku mvua ilipokatika nilitoka nje nikaona jiwe la msingi la kona, la kijivu, limelowa, ambalo nilikuwa sijapata kuliona tangu nilipoanza kuja nyumba ile. Chini yake palikuwa na tundu la kuingia mkono.

Siku hiyo ilikuwa mkesha wa Yohana, sikukuu yetu kubwa ya kiangazi. Raimo alifika mchana, ameshavaa shati jeupe. Alisimama mbele ya mteremko akijikuna shingo.

"Mvua mbaya hii," alisema. "Usijali, Shangazi. Baada ya sikukuu nitaleta udongo mwingine, mzito zaidi. Nyumba haiendi popote."

"Inakwenda," alisema Saimi kutoka kwenye ngazi.

Raimo alidhani anatania, akacheka. Kisha akasema kilichomleta: chama cha kijiji kimekubaliana kwamba mwaka huu moto wa Yohana ufukweni uwashwe na Shangazi Saimi, kwa kuwa amerudi mzima. Ni heshima kubwa hiyo. Kwa kawaida huwasha mzee wa kijiji au kasisi akiwepo.

"Nitakuja," alisema Saimi.

Jioni tulimpeleka ufukweni kwa trekta, yeye na kiti chake ndani ya tela kama malkia, akashushwa mchangani. Jua lilikuwa bado liko juu, kwa maana kiangazi kwetu halizami mapema. Kijiji chote kilikuwepo, soseji zinachomwa pembeni, akordioni inajaribiwa. Rundo la kuni lilikuwa refu kuliko nyumba: mbao za zizi lililobomolewa, mtumbwi uliooza, matawi, na Raimo alikuwa ameliwekea sakafu ya takataka kavu. Anneli akamkabidhi Saimi mwenge uliokwisha kuwashwa.

Saimi alisogea kwa kigari, mwenge mkono mmoja, mimi nimemshika kiwiko. Tulifika upande wa kivuli, ambako ndiko moto huwashwa. Aliinama kidogo kutafuta pa kuuchomeka. Kisha akaacha kusogea.

Chini ya mbao zile, limekunjwa kama mkeka uliotupwa, lilikuwepo zulia lake la beri. Sehemu ya juu ilikuwa kahawia, majani yanavunjika. Lakini kule ndani, ambako mvua ilipenya na jua halikufika, majani yalikuwa yanang'aa. Nilisikia pumzi ya Saimi ikiingia na isitoke. Mwenge ulikuwa umbali wa shubiri moja kutoka kwenye majani makavu.

"Niondolee huu," alinong'ona. "Haraka, mwanangu. Mkono wangu hautii."

Nilimnyang'anya, nikaukimbiza mpaka majini, nikauzamisha. Watu walianza kuguna. Raimo akaja mbio.

"Shangazi, umeungua?"

"Raimo. Hiki ni nini?"

"Hicho? Si ni lile lichaka lako? Lina mafuta, litashika moto upesi."

"Niliipanda hii."

Raimo alimtazama kama vile amesema ameipanda bahari.

"Uliipanda? Lakini hii inaota yenyewe. Iko mpaka nyuma ya choo changu."

"Nyuma ya choo chako inaota yenyewe. Kwangu niliipanda. Shina kwa shina, tangu kabla hujaoa. Mawe uliyoyazoa niliyaweka mimi. Ndiyo iliyokuwa inashika nyumba yangu."

Hakuinua sauti. Lakini maneno hayo yalikuwa mengi kuliko tuliyowahi kumsikia akisema mahali pamoja. Anneli alikaa chini mchangani na gauni lake zuri, mkono mdomoni. Mzee mmoja alivua kofia, akabaki ameishika hajui aifanyie nini. Raimo alitazama rundo, akamtazama Saimi, akalitazama tena rundo. Rangi ilimtoka kuanzia paji la uso.

"Nilifunga mnyororo," alisema.

"Ndiyo."

"Nikakusimulia. Umekaa pale unakunywa kahawa, mimi nakusimulia."

Raimo alifuta uso kwa kiganja.

"Kwa nini hukuniambia siku ile?"

"Mlikuwa mmefurahi sana," alisema.

Raimo aliinamisha kichwa, mtu mzima yule, mwenye malori mawili. Kisha akakunja mikono ya shati lake jeupe, akashika ncha ya mtumbwi uliooza, akaanza kuuvuta. Hakumwita mtu. Baada ya muda akaja mwingine akashika upande wa pili, na mwingine, mpaka kijiji kizima kikawa kinabomoa moto wake wa Yohana kwa mikono, kwa viatu vya sikukuu. Watu wa ng'ambo ya daraja walisimama wakitutazama kama tumeingiwa na wazimu.

Sehemu kubwa ilikuwa imekufa. Saimi alikaa kwenye kiti chake, wakamletea vipande, akakwaruza kila shina kwa ukucha kuona kama ndani kuna kijani. Mara nyingi alitikisa kichwa. Vilivyopona, vikitandazwa, visingezidi ukubwa wa meza ya jikoni. Anneli alivifunika kwa magunia yaliyolowa, akivishika kama vinaweza kuumia.

"Vitafunika mteremko lini?" nilimwuliza Saimi kwa sauti ya chini.

"Mimi sitauona," alisema, akiendelea kukwaruza. "Kama vitashika. Vikishahamishwa mara mbili hivi huwa havipendi."

Raimo alikuja akasimama mbele yake, shati limekuwa la kijivu.

"Niambie nifanye nini."

"Kaondoe udongo wako. Wote. Mpaka mchanga. Halafu pigilia mbao chini ya ile kona kabla haijaanguka."

"Kesho asubuhi na mapema."

"Sasa," alisema Saimi.

Kwetu hakuna anayefanya kazi kwa trekta mkesha wa Yohana. Raimo alipanda trekta, na mlio wake ukasikika ukipanda barabara ya kilimani, ukasimama mbele ya nyumba, kisha tukasikia chuma kikikwangua ardhi. Saimi aligeuza kichwa kuelekea huko, akasikiliza, magunia yenye maji yakimchuruzikia miguuni.